Neno Moja Dogo na Sinema Moja Ndefu

Mwalimu wa lugha huyapita maneno madogo kwa haraka. Neno von la Kijerumani, mathalan, humchukua dakika mbili: maana yake ni "kutoka", au ile "-a" yetu ya kuunganisha, kama tusemavyo Juma wa Uvira. Sisi tuliosomeshwa kwa Kifaransa twamjua ndugu yake, de. Lakini kwa muda wa karne nyingi neno hilo, likikaa kati ya jina la mtu na jina la ukoo wake, lilikuwa mara nyingi ni hati ya nasaba. Lilimfungulia mwenyewe milango ya makasri, likampa daraja jeshini, likampatia mke mwenye mali.

Makala haya yanahusu mtu aliyejitwalia neno hilo pasipo kupewa na mfalme yeyote, na sinema bubu aliyoitengeneza juu ya watu waliojitwalia vyeo kama yeye. Sinema yenyewe yaitwa Foolish Wives, yaani Wake Wapumbavu. Wafaransa waliiita Folies de femmes. Ilionyeshwa kwa mara ya kwanza mjini New York tarehe 11 Januari 1922. Mtunzi wa hadithi, mwongozaji na mwigizaji mkuu ni mtu mmoja, Erich von Stroheim.

Huenda msomaji akauliza: sinema isiyo na sauti ina uhusiano gani na jarida la walimu wa lugha? Twamwomba avute subira. Sisi twaona kwamba udanganyifu uliomo ndani ya sinema hii, na udanganyifu wa yule aliyeitengeneza, uliweza kusimama kwa sababu watazamaji walikuwa na macho tu. Masikio hayakuitwa kutoa ushahidi.

Stroheim alizaliwa Vienna tarehe 22 Septemba 1885, katika nyumba ya Wayahudi. Baba yake, Benno, alikuwa mtu wa kazi ya kofia. Mnamo Novemba 1909 kijana huyo alishuka melini New York, na tangu hapo akawa anajitambulisha kuwa mtu wa nasaba bora ya Austria. Jina lake likarefuka kwa safari ile: Erich Oswald Hans Carl Maria von Stroheim und Nordenwall. Jina refu halikumpa chakula. Kwa miaka kadhaa alihangaika na vibarua vya kila namna, hata akafika California na kuingia katika kazi ya sinema, kwanza kwa vipande vidogo vya kuigiza, kisha kama mshauri wa mambo ya sare na desturi za kijeshi za Ulaya. Vita Kuu ya Kwanza ilipowaka, Wamarekani walihitaji mtu wa kuigiza afisa katili wa Kijerumani, na Stroheim akapatikana. Katika sinema moja ya 1918, The Heart of Humanity, anamtupa mtoto mchanga dirishani. Matangazo yalimwita mtu ambaye watazamaji hupenda kumchukia, na lakabu hiyo haikumtoka tena.

Yafaa tusimame kidogo hapa kwenye habari ya sare. Wote waliofanya kazi na Stroheim walishangazwa na ujuzi wake wa vifungo, mikanda, nishani, namna ya kupiga saluti, namna ya kuubusu mkono wa bibi. Wengi waliuchukua ujuzi huo kuwa ushahidi wa nasaba. Sisi twauona kuwa ushahidi wa kinyume chake. Aliyezaliwa ndani ya kasri hahesabu vifungo vya koti la baba yake. Anayevihesabu, na kuvikumbuka kwa miaka ishirini, ni yule aliyekuwa akitazama gwaride kutoka ukingoni mwa barabara. Vienna ya ujana wake ilikuwa mji wa sare, na mtoto wa mtu wa kofia alipata nafasi nzuri ya kuona kinachovaliwa juu ya vichwa vya wakubwa.

Kisha historia ikamfanyia mzaha. Ufalme wa Austria na Hungaria ulianguka mwaka 1918, na tarehe 3 Aprili 1919 bunge la jamhuri mpya ya Austria lilipitisha sheria ya kufuta vyeo vyote vya umwinyi, pamoja na lile neno dogo von. Wenyewe walioachiwa na mababu wa mababu zao wakakatazwa kulitumia. Na ni katika mwaka huohuo, 1919, ambapo Stroheim alionyesha sinema ya kwanza aliyoiongoza mwenyewe, Blind Husbands, akiigiza luteni wa Austria aitwaye von Steuben. Basi neno lililokufa Vienna likawa linapata riziki California.

Sasa tuingie katika hadithi ya Foolish Wives. Mahali ni Monte Carlo, katika nchi ndogo ya Monako, muda mfupi baada ya vita. Katika jumba la kifahari kando ya bahari wamepanga watu watatu: Sergius Karamzin, ambaye ni Stroheim mwenyewe katika sare nyeupe na miwani ya jicho moja, na wanawake wawili anaowaita binamu zake. Yeye ajiita mwinyi na kapteni wa wapanda farasi wa mfalme wa Urusi. Wao wajiita mabinti wa kifalme, Olga na Vera. Tukumbuke kwamba ufalme wa Urusi ulikuwa umekwisha mwaka 1917, na miji ya starehe ya Ulaya ilikuwa imejaa wakimbizi wenye vyeo vya nchi isiyokuwapo tena. Nani angekwenda Petrograd kuuliza kama kweli? Karamzin na wenzake si chochote ila matapeli. Noti wanazochezea kamari zatengenezwa na fundi mmoja maskini, Ventucci, mwenye binti ambaye akili yake haikukomaa.

Anakuja mjumbe wa serikali ya Marekani pamoja na mkewe Helen. Matapeli wapanga kujipenyeza kwao, kwa kuwa anayeonekana na mke wa balozi hatiliwi shaka mezani pa kamari. Karamzin amfuata Helen kama paka afuatavyo harufu ya samaki. Amwinamia, ambebea mwavuli, ampeleka matembezini, na siku moja ya dhoruba afanya hila wapotee njia hadi kibanda cha ajuza mmoja mwenye mbuzi. Usiku ule ni mtawa aliyeingia ghafla kujikinga na mvua ndiye aliyeharibu mipango ya mwinyi wetu.

Tungependa kuieleza zaidi habari moja iliyo pembeni ya hadithi, maana kwa maoni yetu ndiyo moyo wake. Pale hotelini kuna afisa mmoja aliyejifunika joho. Helen aangusha kitu karibu naye. Afisa asimama tu, haokoti. Bibi amtazama kwa dharau: huyu hana adabu. Jambo hilo larudiwa mahali pengine, na dharau yaongezeka, wakati Karamzin akimbilia kuokota kila kinachoanguka. Hatimaye joho lateleza kutoka mabegani mwa yule afisa, na Helen aona kwamba hana mikono. Ameiacha vitani. Bibi aushika ule mkono mtupu wa koti, na uso wake wabadilika. Hakuna maneno mengi katika sehemu hiyo, wala hayahitajiwi. Mwenye adabu za kuokota ndiye mwizi. Asiyeokota ndiye aliyetoa zaidi ya wote.

Upande wa pili yuko Maruschka, mtumishi wa jumba lile. Karamzin alimwahidi ndoa zamani. Sasa msichana adai ahadi yake. Mwinyi aketi mezani, ainamisha kichwa, achovya vidole kwa siri, kisha aachia matone yadondoke juu ya kitambaa cha meza kana kwamba ni machozi yake. Msichana huyo, ambaye ameweka akiba senti kwa senti kutokana na ujira wake, aenda chumbani, aleta akiba yote na kumkabidhi. Mtu aliyepoteza falme na mashamba, kama asemavyo, achukua mshahara wa mfanyakazi wa ndani. Tumeiona sehemu hiyo mara nyingi, na bado hutuudhi.

Mwisho wao ni mbaya. Usiku mmoja Helen aja katika mnara wa jumba lile, akiwa na fedha alizoshinda katika kamari, kumsaidia Karamzin aliyejifanya yumo katika aibu ya deni. Maruschka awachungulia kwa tundu la ufunguo. Afunga mlango kwa nje na kuutia moto mnara, kisha akimbia na kujitupa baharini. Wazima moto watandaza wavu chini. Na ni nani arukaye kwanza? Ni kapteni wa wapanda farasi. Bibi aachwa juu katikati ya moshi. Baada ya hapo nasaba yote imekwisha hata machoni pa watu wa Monte Carlo. Usiku huohuo Karamzin apanda dirishani kwa binti ya Ventucci, na baba mtu amwua na kuitupa maiti yake katika mtaro wa maji machafu.

Sisi tuliojaribu kuieleza sinema hii kwa Kiswahili tulikwama kwanza kwenye cheo cha Karamzin. Wafaransa wasema comte. Lodi ni la Kiingereza mno. Sultani ni kubwa mno. Tumechagua mwinyi, neno la pwani lenye maana ya mwenye mali na mwenye mji, ingawa twajua kuwa wako watakaolipinga. Tulifikiria pia muungwana, lakini neno hilo limebeba historia yake. Sisi wa mashariki ya Kongo twajua hivyo, maana lugha yetu iliitwa Kingwana kutokana na watu waliofuatana na misafara ya biashara ya karne ya 19 na kujiita waungwana, na baadhi yao walikuwa watumwa wa jana. Wao walilivaa jina hilo ili watoke katika udhalili. Karamzin alilivaa lake ili awatie wengine humo. Hatukuona vema kuwaweka chini ya neno moja.

Kuhusu utengenezaji wa sinema hii mengi yamesemwa, na si yote ya kuaminiwa. Lililo hakika ni kwamba kampuni ya Universal, ya Carl Laemmle, naye mhamiaji kutoka Ujerumani, ilikubali kujenga uwanja wa Monte Carlo huko California: kasino, hoteli na mkahawa, kwa ukubwa ulio karibu na wa kweli. Jumba la kando ya bahari lilijengwa mbali zaidi, kwenye miamba ya pwani ya Monterey. Kazi ya kupiga picha ilianza Julai 1920 ikaendelea kwa muda wa miezi kumi na moja hivi. Mwigizaji wa sehemu ya balozi, Rudolph Christians, alifariki kwa homa ya mapafu mwezi Februari 1921 kabla kazi haijaisha, ikabidi mtu mwingine asimame mahali pake, akionyeshwa kwa mgongo. Husimuliwa pia kwamba Stroheim alitaka kengele za hoteli ile ya bandia ziwe zinalia kweli. Kama kisa hicho ni kweli, basi fedha zilitumika kuliza kengele katika sinema ambayo hakuna angeisikia.

Gharama zilipopanda hata hazikuweza kufichwa, kampuni iliona heri izitangaze. Ikaweka bango kubwa New York la kuonyesha fedha zilizotumika, na katika jina la mwongozaji herufi S ikaandikwa kwa alama ya dola. Hesabu iliyotangazwa ilizidi dola milioni 1. Ndani ya kampuni hakukuwa na kicheko. Msimamizi wa kazi, Irving Thalberg, alikuwa kijana wa miaka ishirini na kitu, lakini hakutishwa na miwani ya jicho moja. Shida yake ilikuwa moja: hakuweza kumfukuza mwongozaji, kwa kuwa mwongozaji ndiye Karamzin, na Karamzin alikuwa amekwisha kuonekana katika picha nyingi. Mwishowe ilibidi kamera zenyewe ziondolewe. Thalberg hakulisahau somo hilo. Katika sinema iliyofuata, Merry-Go-Round, Stroheim hakupewa sehemu ya kuigiza, na mwaka uleule wa 1922 akafukuzwa kazi ikiwa katikati.

Foolish Wives yenyewe ilikatwakatwa. Urefu alioutaka mtunzi ulikuwa wa saa nyingi, sinema ya kutazamwa kwa jioni mbili. Iliyoonyeshwa New York ilikuwa na rili 14, yaani zaidi ya saa tatu. Ile iliyosambazwa nchini ilipunguzwa hadi rili 10, na bodi za ukaguzi za majimbo zikaongeza makasi yao. Vipande vilivyotupwa havikuhifadhiwa. Mwaka 1972 mtaalamu Arthur Lennig alijaribu kuiunganisha upya kutokana na nakala tofauti zilizosalia, na wengine wameifanyia kazi zaidi katika miaka ya karibuni. Mwaka 2008 iliingizwa katika orodha ya taifa ya filamu za kuhifadhiwa huko Marekani. Hata hivyo tunachotazama leo ni mabaki. Mtu akiona mahali pengine hadithi yaruka, asimlaumu mtunzi.

Wako Wamarekani walioiona kuwa tusi kwao na kwa wake zao. Hukumu hiyo twaielewa, maana jina lenyewe lawagusa, na mhusika mmoja aonekana akisoma kitabu kiitwacho Foolish Wives kilichotungwa na Erich von Stroheim! Ulaya ilikuwa kinyume. Mfaransa Jean Renoir, mwana wa mchoraji mashuhuri, aliitazama mara nyingi sana, na ameeleza kuwa iliigeuza fikira yake juu ya kazi ya sinema.

Na sasa twarudi kwenye masikio. Katika sinema bubu Karamzin asema kwa vibao vya maandishi. Maandishi hayana lafudhi. Mtazamaji wa Chicago au wa Paris aliona sare, akaona saluti, akasoma maneno ya adabu, akaamini kwamba mwenye kuigiza ni mwinyi kweli anayejichezea mwinyi wa uongo. Sauti ilipoingia katika sinema mwishoni mwa miaka ya 1920, mambo yakawa mengine. Billy Wilder, aliyekulia Vienna na baadaye akamwongoza Stroheim katika sinema mbili, alisema kuwa matamshi yake ya Kijerumani yalikuwa ya mitaa ya watu wa chini wa mji ule. Mwenyeji wa Vienna alihitaji sentensi moja tu. Kila mwalimu ajua jambo hili: mtu aweza kununua kanzu na kofia, aweza kuyakariri majina ya mababu wasio wake, lakini irabu zake zitamtaja mtaa aliolelewa.

Renoir naye ameacha habari ambayo sisi twaipenda zaidi. Mwaka 1937 alimpa Stroheim sehemu ya kapteni von Rauffenstein katika La Grande Illusion, afisa wa nasaba anayejua kuwa zama za watu wa namna yake zimekwisha. Renoir alitazamia kupata Mjerumani kamili. Akakuta mtu ambaye Kijerumani chake kilikuwa kimechakaa, hata ikambidi aisome mistari yake kama mwanafunzi anayejifunza lugha ya kigeni. Afisa yule wa von alikaa na daftari akirudia matamshi ya lugha ya mama. Kazi yake katika sinema ile, twaonavyo sisi, ndiyo bora kuliko zote.

Ufaransa ndiko alikomalizia siku zake. Mwaka 1957, akiwa mgonjwa sana, alipewa nishani ya Légion d'honneur, na nishani hiyo ilikuwa ya kweli. Alifariki Maurepas tarehe 12 Mei ya mwaka huo. Baada ya kufa kwake watafiti walikwenda kulitafuta jina lake katika kumbukumbu za vizazi za Vienna. Wakamkuta. Baba ni Benno Stroheim, na mbele ya jina la ukoo hapana neno lolote.

Kwa walimu watakaopenda kuitumia darasani: haifai kuonyeshwa yote, kwa urefu wake na kwa baadhi ya mambo yaliyomo. Sisi tulichagua ile sehemu ya Maruschka na machozi ya bandia, ambayo ni ya dakika chache tu, tukawaomba wanafunzi wa mwaka wa tano waandike maneno ya kila mmoja kwa Kiswahili fasaha. Tulitaka kupima namna wanavyotumia lugha ya heshima kati ya bwana na mtumishi. Karibu wote walimpa mwinyi hotuba ndefu, zenye methali na viapo. Kazi ilikuwa nzuri na tuliisahihisha kwa furaha. Msichana mmoja alimwachia mwinyi kibao kitupu. Maruschka alimwandikia sentensi moja, ambayo tuliijadili kwa muda uliobaki wa kipindi, kwa sababu nusu ya darasa walisema kuwa mtumishi hawezi kumwambia bwana wake hivyo, na nusu walisema kuwa aweza: "Zihesabu mbele yangu."